Fred Kubai: kutoka ngome ya wafanyakazi hadi kiti cha serikali, na somo la Nakuru kwa Pwani

Kila ninapoandika juu ya ardhi hapa Pwani, kuna swali ambalo halikosi kuja. Kwa nini mwanasiasa anayeanza kwa kupigania maskini huishia kuwapigia debe wakubwa? Mwaka huu yuko na maskwota juani, miaka mitano baadaye yuko jukwaani akituambia tutulie, tuheshimu chama, tusivunje umoja wa taifa.

Wengi hujibu kwa neno moja: tamaa. Tamaa ipo, hilo halina ubishi. Lakini tamaa peke yake haitufunzi kitu, kwa sababu kila binadamu anayo. Inafaa tujue mabadiliko hayo hutokea vipi, hatua kwa hatua, na ni alama zipi mpiga kura angeweza kuziona mapema. Kwa hilo nimechagua kisa cha mbali kidogo na sisi, kisa cha Nakuru, mji mkuu wa Bonde la Ufa. Mhusika wake mkuu ni Fred Kubai. Nimemchagua yeye kwa sababu alianza kushoto kabisa kwa siasa za Kenya, na kwa sababu alikuwa wetu pia. Baba yake alikuwa Mkikuyu, mama yake Mgiriama.

Kwanza tuelewane juu ya maneno. Mrengo wa kushoto ni wale wanaosema kwamba suala kubwa la siasa ni nani ana mali na nani hana, na kwamba serikali ina wajibu wa kuigawa upya ardhi na jasho la wafanyakazi. Mrengo wa kulia wa kizalendo ni wale wanaosema kwamba suala kubwa ni taifa na kiongozi wake, mwenye mali aachwe na mali yake, na anayehoji mgawanyo anawagawanya watu. Kenya wanasiasa wetu hawajiiti kwa majina hayo. Lakini mirengo yenyewe tunayo tangu kabla ya uhuru, na mtu anaweza kutoka mmoja akaingia mwingine bila kubadilisha hata rangi ya kofia.

Karani wa posta aliyegeuka kiongozi wa madereva

Kubai alianza kama karani wa telegrafu katika shirika la posta, kisha akaingia katika vyama vya wafanyakazi vya Nairobi, hasa chama cha madereva na mafundi wa magari. Wakati huo habari za Mombasa zilikuwa zimetikisa koloni nzima. Januari 1947 wafanyakazi wa bandari, reli, hoteli na majumbani waligoma kwa pamoja. Walikuwa wapatao 15,000, na walikutana katika uwanja walioubatiza wenyewe Kiwanja cha Maskini. Kiongozi wao aliyejulikana zaidi, Chege Kibachia, alikamatwa mwaka huohuo na kupelekwa kuzuiliwa mbali, huko Baringo. Kwa hiyo uzi wa Mombasa na Bonde la Ufa haukuanza jana.

Mei mosi 1949, Kubai na Makhan Singh waliunda shirikisho la vyama vya wafanyakazi la Afrika Mashariki. Kubai alikuwa rais wake, Makhan Singh katibu mkuu. Serikali ya kikoloni ilikataa kulisajili. Mwaka uliofuata Nairobi ilipopewa hadhi ya jiji, shirikisho hilo liliwataka wafanyakazi wasusie sherehe, kwa hoja kwamba kulikuwa na miji miwili ndani ya mji mmoja, mji wa matajiri na mji wa wanaolala kumi chumba kimoja. Aprili 1950, katika ukumbi wa Kaloleni mjini Nairobi, Makhan Singh alitoa hoja ya uhuru kamili wa nchi za Afrika Mashariki. Wanasiasa wengi wakati huo walikuwa bado wanaomba viti vichache tu katika baraza la kutunga sheria.

Tarehe 15 Mei 1950 wote wawili walikamatwa. Siku iliyofuata Nairobi ikagoma, na mgomo ukaendelea kwa zaidi ya wiki moja. Makhan Singh alizuiliwa zaidi ya miaka 11. Kubai naye alifunguliwa kesi ya kujaribu kumuua diwani mmoja wa Nairobi, akakaa rumande miezi kadhaa, kisha akaachiliwa na mahakama. Alipotoka, mwaka 1951, alichaguliwa mwenyekiti wa tawi la Nairobi la chama cha KAU, na Bildad Kaggia akawa katibu. Hao ndio waliokisukuma chama cha wazee wastaarabu kuelekea kwa vijana wa mitaani, madereva na wasio na ardhi.

Kwa hiyo tunapomtaja Kubai hatumtaji mtu aliyevaa ushoto kama koti la kuazima. Aliulipia.

Jela iliyowagawanya

Usiku wa tarehe 20 Oktoba 1952 hali ya hatari ilitangazwa, na Kubai akakamatwa pamoja na Jomo Kenyatta, Kaggia, Paul Ngei, Achieng Oneko na Kung'u Karumba. Dunia ikawajua kama sita wa Kapenguria. Aprili 1953 walihukumiwa miaka saba na kazi ngumu. Oneko alishinda rufaa yake, lakini hakuachiliwa. Alikamatwa tena papo hapo, na sehemu ya kifungo chake aliimalizia huku kwetu, kisiwani Manda, ng'ambo ya Lamu.

Wengine walipelekwa Lokitaung, kaskazini kabisa mwa Turkana. Kuna jambo la Lokitaung ambalo watu hulisahau. Huko jela wafungwa waligombana vikali. Upande mmoja alikuwa Kenyatta. Upande wa pili walikuwa Kaggia, Kubai na wenzao, waliomwona mzee kuwa mtu wa kurudi nyuma. Hata baadaye sana, miaka ya 1980, Kubai alisema wazi mbele ya kamera za televisheni ya Uingereza kwamba kabla ya hali ya hatari wao vijana ndio waliompa Kenyatta onyo aache kuilaani Mau Mau, na kwamba angeendelea, maisha yake yangekuwa hatarini.

Mtu huyu hakuwa mfuasi wa Kenyatta tangu mwanzo. Alikuwa mpinzani wake ndani ya nyumba moja. Kumbuka hilo, kwa sababu litatusaidia kuelewa yaliyokuja.

Nakuru ilikuwaje

Kwa msomaji wa Pwani ambaye Nakuru kwake ni kituo cha kushuka kununua viazi na karoti akienda Eldoret au Kisumu, naomba nieleze kidogo. Mji ule ulizaliwa na reli, na ukawa makao ya masetla wa Nyanda za Juu za Wazungu. Mashamba ya ngano, pareto na ng'ombe wa maziwa yaliuzunguka pande zote. Mwafrika hakuruhusiwa kumiliki ardhi pale. Aliruhusiwa kuishi shambani mwa mzungu kama skwota, afanye kazi siku zilizowekwa na alime kipande kidogo. Baada ya Vita Kuu ya Pili masetla walipunguza mifugo na vipande vya maskwota, na wengi wakafukuzwa. Hasira hiyo ndiyo iliyolisha Mau Mau katika Bonde la Ufa.

Lakini wenye madai hawakuwa kabila moja. Wamaasai na Wakalenjin walikuwa wamenyang'anywa malisho yao ili masetla wapate pa kulima. Wakikuyu walikuwa wamelima ardhi hiyo miongo kadhaa kama maskwota, wengine wamezaliwa hapo na hawana kwingine. Mjini kulikuwa na Waluo, Waluhya na wengine wa reli na viwanda. Mkoloni aliacha shamba moja na warithi watatu.

Vyama viwili vilizaliwa 1960 vikiwa na majibu tofauti. KADU ya Ronald Ngala wetu na Daniel arap Moi ilitaka majimbo, kila eneo lishike ardhi yake. KANU ilitaka serikali moja yenye nguvu. Katika uchaguzi wa Mei 1963 Ngala aliongoza Pwani, Moi akaongoza mkoa wa Bonde la Ufa, lakini KANU ikashinda nchi. Na Nakuru ikawapeleka bungeni wafungwa wawili wa Kapenguria kwa tiketi ya KANU. Achieng Oneko, Mjaluo, alichaguliwa Nakuru Mjini. Fred Kubai alichaguliwa Nakuru Mashariki.

Hebu fikiria maana yake. Mji wa masetla ulichagua wafungwa wawili wa zamani, wa makabila mawili, kwa kura za wafanyakazi wa reli na maskwota. Kama kulikuwa na mahali ambapo siasa ya mwenye nacho na asiye nacho ingeweza kushinda siasa ya kabila, ni Nakuru ya 1963.

Hotuba mbili

Miezi mitatu baadaye, Agosti 12, 1963, Kenyatta alifika Nakuru kuzungumza na mamia ya masetla katika ukumbi wa mji. Aliwaambia wasamehe na kusahau, naye atasamehe na kusahau, wabaki walime. Masetla walioingia ukumbini na hofu walitoka wakishangilia. Hotuba ile imesifiwa kwa miaka mingi kuwa hotuba ya amani, na amani ililetwa kweli. Lakini kwa skwota wa Bonde la Ufa ilikuwa na ujumbe wa pili: ardhi haitarudishwa bure. Itanunuliwa, kwa mkopo uliotoka zaidi Uingereza na Benki ya Dunia, na mwenye mkopo ndiye atakayepata. Mpango wa Ekari Milioni Moja uliwapa ardhi familia zipatazo 35,000. Mashamba mengi makubwa yalinunuliwa yakiwa mazima na wenye uwezo, au na makampuni ya kununua ardhi.

Kaggia alikataa. Alisema bungeni kwamba watu hawawezi kununua kilichoibwa kwao, na 1964 akaondoka serikalini. Ndipo ikaja hotuba ya pili, ninayoiona kuwa muhimu kuliko zote katika kisa hiki.

Aprili 1965, Kenyatta alimshambulia Kaggia hadharani huko Kandara, nyumbani kwa Kaggia, naye akiwepo. Alimuuliza, kwa maana hii: tulifungwa pamoja, wewe umejifanyia nini? Akaanza kuwataja wenzao wa jela mmoja mmoja. Ngei, alisema, amepanda kahawa. Karumba ana mabasi yake. Na Kubai ana nyumba kubwa na shamba zuri. Wewe Kaggia, umejifanyia nini?

Hotuba ile ilimweleza Kubai vizuri kuliko mwandishi yeyote. Rais wa nchi alimsimamisha kama kielelezo. Kubai yule aliyesema jiji la Nairobi ni miji miwili, sasa alitumika kama ushahidi kwamba mwenye akili huhamia mji wa pili. Kipimo cha mpigania uhuru kilibadilishwa siku hiyo. Zamani aliulizwa amewafanyia nini wengine. Sasa aliulizwa amejifanyia nini mwenyewe. Na anayeshindwa kujibu, huyo ndiye wa kuchekwa.

Mwaka huohuo serikali ilitoa waraka wake maarufu wa usoshalisti wa Kiafrika. Jina lilikuwa la kushoto. Ndani yake mali ya binafsi ililindwa, na uwekezaji ukaelekezwa zaidi kwenye maeneo yaliyokwisha kuwa na rutuba na barabara. Pwani yetu, isipokuwa mji wenyewe wa Mombasa na mahoteli ya ufukweni, haikuwa juu kwenye orodha hiyo.

Wizara ya Kazi

Kubai alikuwa wapi wakati huo? Alikuwa waziri msaidizi wa Kazi. Rais wa zamani wa shirikisho lililonyimwa usajili na mkoloni sasa alikaa katika wizara inayotoa na kunyima usajili.

Mwaka 1965 ulikuwa mgumu kwa vyama vya wafanyakazi, na mgogoro wake mkali ulikuwa hapa Mombasa. Wafuasi wa Denis Akumu, kiongozi wa wafanyakazi wa bandari, na wapinzani wao walipigana, watu wakafa. Serikali ikayavunja mashirikisho yote mawili yaliyokuwa yakishindana na kuunda moja, COTU, ambalo katibu mkuu wake aliteuliwa na Rais. Sheria mpya ya migogoro ya kazi ikafanya mgomo halali kuwa jambo gumu kupatikana. Hoja iliyotolewa ilikuwa ya kizalendo kabisa: nchi changa haiwezi kujengwa kwa migomo, na wafanyakazi wanaolipwa mshahara ni wachache wenye bahati kuliko mkulima. Ni hoja yenye uzito. Lakini angeisikia Kubai wa 1950 kutoka kwa gavana wa Kiingereza, angejua la kumjibu.

Aprili 1966 Jaramogi Oginga Odinga alijiuzulu na kuunda KPU. Kaggia akamfuata akawa naibu wake. Oneko, waziri wa Habari na mbunge wa Nakuru Mjini, naye akaacha uwaziri na gari la serikali akamfuata. Kubai alibaki KANU.

Bunge likabadilisha katiba haraka ili kila aliyehama chama arudi kwa wapiga kura. Juni 1966 wabunge na maseneta 29 walikabiliana na uchaguzi huo mdogo mkubwa, na KPU ikapata viti 9 tu. Oneko alishindwa Nakuru. Mji uliomchagua miaka mitatu kabla bila kujali kabila lake sasa uliambiwa kwamba KPU ni chama cha Waluo na kwamba ardhi ya Bonde la Ufa itapatikana kupitia kwa mzee, si kwa kumpinga mzee. Kaggia naye alishindwa kwao Kandara. Oktoba 1969, baada ya damu kumwagika Kisumu, KPU ilipigwa marufuku na Oneko akawekwa kizuizini hadi 1975. Alifungwa na mkoloni, akafungwa na serikali aliyoisaidia kuiweka.

Wawili hao walikaa kizimba kimoja Kapenguria na wakawakilisha Nakuru katika bunge moja. Mmoja alilala kizuizini, mwenzake alilala nyumbani.

Hoja ya kumtetea

Si haki kumhukumu marehemu bila kumpa wakili, kwa hiyo nitamsemea Kubai kadiri niwezavyo.

Mtu huyu alipoteza ujana wake gerezani. Alipotoka 1961 hakuwa na kazi, na wapiga kura wake walikuwa watu waliotaka ardhi kesho asubuhi, si baada ya mapinduzi. Katika hali hiyo angeweza kujiuliza: nikitoka serikalini pamoja na Kaggia, nitampatia nani hata ekari moja? Makhan Singh, aliyekuwa safi kama pamba, alitoka kizuizini akakuta hana nafasi katika serikali ya uhuru, na alifariki 1973 akiwa amesahauliwa na wengi. Kaggia alizeeka katika maisha ya kawaida sana. Mkono mtupu haulambwi, na Kubai hakutaka kuwa mkono mtupu.

Tena, kubaki na chama cha uhuru hakukuonekana kuwa usaliti kwa watu wa wakati ule. Ngala wetu mwenyewe, baada ya KADU kujivunja Novemba 1964, aliingia KANU na baadaye akawa waziri. Moi aliingia na kupanda hadi makamu wa rais. Kila mtu aliingia nyumba moja. Tofauti ni kwamba Ngala na Moi hawakuwahi kudai kuwa mrengo wa kushoto. Kubai alikuwa amedai, na wengine walikwenda jela kwa kuamini madai hayo.

Mimi nakubali nusu ya utetezi huu. Mtu ana haki ya nyumba na shamba baada ya jela. Ninachokataa ni pale shamba la mmoja linapogeuzwa jibu kwa maelfu wasio na shamba. Hapo ndipo mtu anapovuka mpaka. Si siku anaponunua ekari zake. Ni siku anapokubali zitajwe jukwaani kuwa ushahidi kwamba suala la ardhi limekwisha.

Nafasi ilijazwa na nini

Tukiishia hapo, hiki kitakuwa kisa cha mtu mmoja tu. Ubaya wa jambo hili uko katika kilichofuata Bonde la Ufa, ingawa sisemi Kubai ndiye aliyekileta.

Sauti ya kushoto ilipozimwa, njaa ya ardhi haikuzimika. Ilihitaji lugha nyingine, na lugha iliyobaki ilikuwa ya jamii. Nandi alikuwepo Jean-Marie Seroney, ambaye 1969 aliongoza Azimio la Nandi Hills lililodai ardhi ya Nandi kwa Wanandi, akashtakiwa kwa uchochezi. Nakuru, Kihika Kimani alijenga nguvu zake juu ya Ngwataniro, kampuni kubwa ya kununua mashamba, ambayo wanachama wake walikuwa hasa Wakikuyu wa hali ya chini. Josiah Mwangi Kariuki wa Nyandarua, aliyejaribu kurudisha swali la matajiri na maskini kwa makabila yote, aliuawa Machi 1975. Na Septemba 1976 ni Nakuru hiyohiyo iliyokuwa mwenyeji wa mkutano wa wale waliotaka katiba ibadilishwe ili Moi, makamu wa rais kutoka Bonde la Ufa, asirithi kiti. Kihika Kimani alikuwa mmoja wa vinara wake.

Ona umbali tuliotembea. Mwaka 1963 Nakuru ilikuwa ikiuliza skwota atapata nini. Mwaka 1976 ilikuwa ikiuliza kiti kitakwenda kwa jamii gani. Ni miaka 13 tu.

Mwaka 1991, mfumo wa vyama vingi ulipokaribia, viongozi wa KANU katika Bonde la Ufa walifanya mikutano ya kuhubiri majimbo, na Oktoba mwaka huo ghasia zikaanza katika shamba la Meteitei huko Nandi, zikasambaa hadi Molo na Burnt Forest. Waliouawa na kuchomewa nyumba hawakuwa wenye mashamba ya maelfu ya ekari. Walikuwa wenye ekari mbili, tatu, tano. Waliotumwa kuwachoma wengi wao hawakuwa na chochote. Maskini wa upande huu na maskini wa upande ule walipigana chini ya ua la tajiri ambaye ua lake halikuguswa. Januari 2008 Nakuru na Naivasha ziliona tena moto huohuo.

Na Pwani je?

Kama unadhani hayo ni ya bara, kumbuka Likoni. Agosti 1997 kituo cha polisi kilivamiwa, na lugha iliyotumika kuwafukuza watu ilikuwa ile ya Molo, isipokuwa neno lilikuwa "wabara". Tume ya Jaji Akiwumi iliyoundwa 1998 ilichunguza ghasia za Bonde la Ufa na za Pwani pamoja. Waliosafirisha maneno hayo walijua kwamba pande zote mbili zina jeraha moja: ardhi iliyochukuliwa kisheria na watu waliobaki maskwota juu yake. Huku kwetu sheria ya hatimiliki ya 1908 ndiyo iliyoanza, ikawapa hati waliojua njia ya ofisini na kuwaacha Wamijikenda wengi wakiishi juu ya ardhi yenye jina la mtu mwingine. Kilifi na Kwale bado tunaishi na matokeo ya sheria ile.

Kwa hiyo somo la Nakuru ni letu. Mimi nalifupisha kwa maswali matatu, ambayo naomba uyabebe kwenye mkutano wowote wa kampeni, wa chama chochote.

La kwanza: huyu mgombea akisema "ardhi yetu", anataja nani atapata hati, kwa utaratibu upi, na wa kwanza kwenye orodha ni nani? Kama anataja jamii tu bila orodha, anakuuzia kabila lako mwenyewe.

La pili: akiulizwa juu ya mgawanyo, anajibu hoja au anajibu kwa kutaja umoja, uzalendo na heshima kwa kiongozi? Uzalendo ni jambo jema, lakini haujawahi kupima shamba.

La tatu ni lile la Kandara, ila tuligeuze. Usimuulize amejifanyia nini. Wengi watakujibu vizuri sana, kwa picha za nyumba na magari. Muulize, na umuulize tena baada ya miaka mitano: wale uliokuwa nao juani, sasa wako wapi?

Kubai alifariki mwaka 1996. Oneko alifariki 2007, baada ya kurudi bungeni 1992 kwa tiketi ya upinzani kutoka kwao Rarieda. Nakuru ilipewa hadhi ya jiji Desemba 2021, kama Nairobi ilivyopewa ile 1950. Sherehe zilifana, na ni haki yao kusherehekea. Lakini mtu akitaka kujua kama ni jiji moja au mawili, hahitaji kwenda mbali: atoke katikati ya mji atembee hadi wanakoishi vibarua wa mashamba ya maua na viwanda, aulize kodi ya chumba na mshahara wa mwezi. Kubai wa 1950 angeanza na hesabu hiyo.